MALALAMIKO: Kalenda mpya ya dunia yetu ya kubuni ina hesabu mbovu, na imeharibu kazi zetu

Ndugu wasimamizi na wanajukwaa wenzangu, nawasalimu kutoka Mikindani, ingawa leo sina salamu ndefu.

Kwa miaka mitatu tumekuwa tukiandika hadithi za dunia moja ya kubuni, kila mtu na kisiwa chake na wahusika wake, na kilichozifunga hadithi hizo pamoja hakikuwa ramani wala nasaba za wafalme, bali kalenda. Ilikuwa na miezi 13 ya siku 28, jumla siku 364, na kwa kuwa tuliamua tangu mwanzo kwamba mwezi wa angani wa dunia hiyo huzunguka kwa siku 28 kamili, mwandamo uliangukia tarehe 1 na mwezi mpevu tarehe 15, mwaka hadi mwaka. Nilikuwa miongoni mwa waliokesha kuipanga. Juzi nimefungua ukurasa wa pamoja nikakuta imefutwa na mahali pake pamewekwa kalenda ya miezi 12 ya siku 30, bila tangazo, bila kura, kwa maelezo ya mstari mmoja tu kwamba ile ya zamani iliwachanganya wageni.

Wageni gani hao? Huku pwani watu wamekulia katika kuhesabu mifunguo, yaani miezi ya Kiislamu, kuanzia Mfunguo Mosi baada ya Ramadhani, kwa mwaka wa siku 354 au 355 unaopishana na ule wa ukutani kwa siku zipatazo 11. Na wazee walikuwa na mwaka mwingine wa jua, wakiuhesabu kwa miongo ya siku kumi kumi tangu Nairuzi, siku ya kwanza ya mwaka huo, ili wajue wakati wa kupanda na wakati wa kusafiri. Msomaji wa namna hiyo hawezi kushindwa na miezi 13.

Tuje kwenye hesabu. Miezi 12 ya siku 30 ni siku 360. Lakini jua la dunia yetu, kwa mujibu wa ukurasa uleule ambao hamkuurekebisha, bado linarudi palepale baada ya siku 364. Siku nne zimekwenda wapi? Msimamizi mmoja amenijibu faraghani kwamba ameiga Misri ya kale. Ni kweli kwamba Wamisri walikuwa na miezi 12 ya siku 30, ila walimalizia na siku 5 zisizo za mwezi wowote ili mwaka utimie siku 365. Hata kalenda ya mapinduzi ya Ufaransa, iliyoanza kutumika mwaka 1793, iliongeza siku 5, na katika mwaka mrefu 6. Aliyeiga ameiga nusu akaacha nusu. Matokeo yake ni kwamba mwaka mpya wetu utayatangulia majira kwa siku nne kila mwaka, na baada ya miaka 45 tofauti itakuwa siku 180, yaani sikukuu tuliyoiweka pepo za kaskazi zinapoanza itaangukia wakati kusi inavuma. Jirani yangu mwenye mikorosho, nilipomweleza, aliuliza tu kama watu wa dunia hiyo hupulizia salfa kwa kubahatisha.

Linaloniudhi zaidi ni mwezi. Mmeacha sentensi isemayo kwamba mwezi mpevu huwa tarehe 15 "daima", na mmeacha pia mzunguko wa siku 28, ndani ya miezi ya siku 30! Mpevu ukiwa tarehe 15 ya mwezi wa kwanza, unaofuata utakuwa tarehe 13, kisha 11, kisha 9, hadi mwezi wa nane ambapo utaangukia tarehe 1. Huenda kwa mtu wa bara mwezi ni taa ya angani tu, iwake leo au keshokutwa. Kwetu mwezi ni maji. Bamvu, yaani maji yanayojaa sana na kupwa sana, huja na mwandamo na mpevu; maji mafu, yasiyojaa wala kupwa sana, huja na nusu mwezi, na wanaokwenda mwambani kutafuta pweza hawana haja ya kuelezwa. Katika hadithi yangu ndefu kuliko zote, binti anavuka fungu la mchanga kwa miguu kwenda kisiwa cha pili tarehe 15 ya mwezi wa nne, mnamo saa nne asubuhi, maji ya bamvu yakiwa yamekupwa kabisa na wanaomfukuza hawana pa kuelea na mashua yao. Kwa kalenda yenu, siku hiyo ni siku sita baada ya mpevu: maji karibu na kuwa mafu, fungu halijatokeza, binti anazama, na kurasa 60 zinazofuata hazina mhusika.

Kuhusu theluji iliyoongezwa katika visiwa vyenye minazi, sitasema neno.

Kalenda kubadilishwa si dhambi. Mwaka 1582 Papa Gregori XIII aliondoa siku 10, ikawa baada ya tarehe 4 Oktoba kesho yake ni tarehe 15. Lakini amri ilitoka miezi kadhaa kabla, tarehe za kurukwa zilitajwa, na mpangilio wa siku za juma haukuguswa. Ninyi mmehamisha tarehe zetu bila jedwali la kuzigeuza. Naomba kalenda ya zamani irudishwe wiki hii, au, ikiwa mnaing'ang'ania hii, ziongezwe siku nne, sentensi ya mpevu ifutwe, na jedwali liwekwe. Hadi hapo nimeziondoa hadithi zangu zote 14 kwenye ukurasa wa pamoja.

Na aliyeandika kalenda hii anijibu hapahapa hadharani: mhusika wangu aliyezaliwa tarehe 9 ya mwezi wa 13 sasa amezaliwa lini?