Tupeane uzoefu: kuthu za filamu za Kimalayalam zinapowashinda watu jukwaani

Mwenye uzi: Wakuu, Onam, sikukuu ya watu wa Kerala, India, inakaribia na mlio Maskati na Dubai mtavutwa jukwaani na wenzenu wa huko. Vikundi huingia vizuri kwenye kuthu, ile dansi ya haraka ya ngoma, ikifika ngoma tupu kila mtu na lake. Wajuzi mwageni maujuzi.

Ngomani: Shida ni hesabu. Kuthu nyingi zinakwenda kwa sita: moja-mbili-tatu, nne-tano-sita, uzito kwenye moja na kwenye nne. Anayehesabu kwa nne kama singeli atapotea kabla ya kiitikio. Mcheza chakacha ameshamaliza nusu ya kazi. Magoti yakunjwe muda wote, unyayo mzima ukanyage, mabega yafuate mapigo madogo. Pabaya kuliko pote ni ule ukimya: sauti zote zinakatwa, halafu chenda, zile ngoma za Kerala, zinarudi kwa kishindo. Wa mbele wanawahi, wa nyuma wanachelewa, safu imekufa. Ateuliwe mmoja wa kuhesabu kwa sauti, wengine wamfuate yeye, wasisubiri spika.

Bi Zabibu: Hapo kwenye ukimya. Kabisa.

Mkaazi wa Mutrah: Msichanganye mambo. Kuthu ni ya Watamil, majirani wa Kerala, ngoma yake ni parai, ya ngozi upande mmoja, huoteshwa moto ikaze kabla ya kupigwa. Kerala wana naadan pattu, nyimbo za kijijini za kuitikiana. Marehemu Kalabhavan Mani wa Chalakudy, mwigizaji na mwimbaji aliyefariki 2016, alizipenda hizo.

Ngomani: Filamu zenyewe zinachanganya. Shujaa anaingia polepole, chenda ya Kerala na mdundo wa Kitamil humo humo.

Mkaazi wa Mutrah: Zichanganye, ila kila kitu kiitwe jina lake.

Kanda Mbili: Nyie mnabishania asili, ajali iko kiunoni! Mundu, ule msuli mweupe wa Kerala, hupandishwa pindo la chini hadi juu ya magoti na kufungwa kiunoni. Ukifunga huku umeinama, fundo linashika kitambaa cha juu tu. Magoti yakianza kazi linalegea, wa nyuma anakanyaga pindo, na msuli mzima unabaki sakafuni mbele ya mama mkwe.

Bi Zabibu: Mama mkwe naye alialikwa na nani 😂

Fundi Spika: Pini mbili, kila ubavu moja.

Kanda Mbili: Pini inachana pamba. Mkanda mpana.

Bi Zabibu: Mkanda unaharibu pozi. Bukta ndani, kesi imefungwa.

Mwenye uzi: Turudi kwenye mada. Ule wimbo wa filamu, Jimikki Kammal, je?

Ngomani: Mkubaliane kwanza mnafuata ipi. Iliyozagaa 2017 ni video ya walimu na wanafunzi wa chuo kimoja cha Kochi, siyo mchezo wa kwenye filamu. Mkichanganya, mmoja ananyoosha mkono mwenzake anageuka. Na msiicheze kwa macho ya mahaba: baba kaiba hereni za mama, mama kalipiza kwa kumaliza chupa ya brandi ya baba. Hiyo ni ya uso wa utundu.

Fundi Spika: Na msifanyie mazoezi kwa spika ya simu. Besi haitoki, mnabaki kufuata sauti ya mwimbaji, na mwimbaji hukawia makusudi nyuma ya ngoma.

Kanda Mbili: Bukta iwe nyeusi?

Bi Zabibu: Mundu nyeupe chini ya taa za jukwaa? Nyeusi itaonekana hadi mlangoni. Vaa nyeupe.

Fundi Spika: Au vaeni kaili, misuli ya rangi, muache kutupa presha.