Parma hadi Bologna kwa baiskeli, kuonja njiani: kuongozwa, kujiongoza au kuchanganya?

Mwanzi_Tanga
Habari wadau. Naomba msaada wa kulinganisha. Tuko wanne, siku sita, wiki ya mwisho ya Septemba, mkoa wa Emilia-Romagna, Italia. Kilomita 40 hadi 50 kwa siku hazitushindi mradi njia iwe tambarare. Tunachofuata ni vyakula: jibini ya Parmigiano Reggiano, siki ya balsamu ya Modena, mafuta mapya ya zeituni. Wawili kati yetu hawagusi nguruwe wala pombe.

Mezani kuna njia tatu. Ya kwanza ni msafara wa kuongozwa, wenye gari la msaada. Ya pili ni kifurushi cha kujiongoza: kampuni inapanga hoteli, inahamisha mizigo, inatupa baiskeli na ramani, tunaendesha wenyewe. Ya tatu ni kujipangia kila kitu na kumlipa mwongoza watalii kwa siku moja au mbili tu. Ipi inafaa, na kwa nini?

Cheni_Kavu
Mkuu, usianze na bei. Anza na saa. Vyakula vya huko vina saa zake, na tofauti kubwa ya njia zako tatu ni nani anayebeba jukumu la kuwahi.

Chukua jibini. Parmigiano hupikwa mara moja kwa siku, asubuhi. Maziwa ya jana jioni hulazwa usiku kucha ili malai ipande juu na kuondolewa, kisha huchanganywa na maziwa ya alfajiri ambayo hayajaguswa. Yanamiminwa kwenye sufuria za shaba zenye umbo la kengele iliyopinduliwa, yanatiwa kianzio kilichotokana na maji ya jibini ya jana pamoja na kigandisho kutoka tumbo la ndama. Yakishaganda, fundi huyavunja kwa chombo cha waya kiitwacho spino mpaka vipande viwe kama punje za mchele. Moto unapandishwa hadi nyuzi 55, halafu punje zinaachwa zishikane chini ya sufuria kwa kama dakika 50. Hapo ndipo kuna cha kuona: watu wawili wanapitisha kitambaa chini ya donge, wanaliinua likichuruzika, wanalikata katikati. Kila sufuria huzaa mapacha. Kila pacha limekula lita 550 hivi za maziwa na litakuwa na kilo 40 hivi.

Ukifika saa tano asubuhi, sufuria zinaoshwa. Utaonyeshwa matangi ya maji ya chumvi ambamo jibini hukaa karibu wiki tatu, na ghala ambako hukaa si chini ya miezi 12. Ghala linapendeza kweli, lakini kazi yenyewe imekupita.

Kwa hiyo mgeni anatakiwa awe mlangoni kati ya saa mbili na saa mbili na nusu asubuhi. Kwa mwendesha baiskeli maana yake ni kulala kilomita 10 au pungufu kutoka kiwandani. Hapa vifurushi vingi vya kujiongoza huanguka: wanakulaza mjini, kiwanda kiko kilomita 25 mbele, na kwenye ratiba wameandika tu "kuonja jibini". Kuonja utaonja. Kuona hutaona. Msafara wa kuongozwa hupakia watu kwenye gari saa moja na nusu, baiskeli zinafuata.

Na jambo dogo linalokosesha watu miadi: vocha ikisema 8:30 ni saa mbili na nusu asubuhi yetu, na 14:30 ni saa nane na nusu mchana. Ratiba ya kikundi iandikwe kwa mtindo mmoja tu.

Spoki36
Niongeze upande wa fedha. Kifurushi cha kujiongoza cha wiki mara nyingi huanguka kati ya euro 900 na 1,400 kwa mtu. Msafara wa kuongozwa mara mbili ya hapo au zaidi. Lakini soma kilichomo. Kwenye kujiongoza, chakula cha jioni, maonjo na kodi ya kulala wageni (inalipwa hotelini, kwa mtu kwa usiku) mara nyingi viko nje ya bei.

Msafara wa kuongozwa una mtego wa idadi ya chini. Sheria ya Umoja wa Ulaya ya safari za vifurushi inamruhusu mwandaaji kufuta safari isipofikisha idadi iliyotajwa kwenye mkataba: siku 20 kabla kwa safari inayozidi siku 6, siku 7 kabla kwa safari ya siku 2 hadi 6. Unarudishiwa pesa ya kifurushi, si ya tiketi ya ndege uliyonunua pembeni. Ulizeni kwa maandishi kama tarehe yenu "imethibitishwa kuondoka", ndipo mkate ndege.

Mkitokea Tanzania au Kenya, kumbukeni viza ya Schengen: ada euro 90 kwa mtu mzima, na bima ya matibabu isiyopungua euro 30,000. Kifurushi kinasaidia kwa sababu barua moja inaonyesha malazi ya kila usiku. Anayejipangia atakusanya uthibitisho wa kila hoteli mwenyewe.

Ukhty_Baharini
Nizungumzie wale wawili wasiokula nguruwe, kwa sababu Emilia ni nchi ya nguruwe na nguruwe wenyewe wanajificha. Kuepuka nyama inayoonekana hakutoshi.

Tortellini, zile tambi ndogo za kukunjwa, zimejazwa nyama ya nguruwe. Ile mikate midogo ya Modena, tigelle, mara nyingi hukandwa kwa strutto, yaani mafuta ya nguruwe, na gnocco fritto kwa desturi hukaangwa humo humo. Piadina, mkate mwembamba kama chapati wa Romagna, nao vivyo hivyo, ingawa wapo wanaotumia mafuta ya zeituni. Mchuzi wa nyama uitwao ragù kwa kawaida una nguruwe na mvinyo. Hata erbazzone ya Reggio, inayoonekana kama sambusa ya mchicha, mara nyingi ina mafuta ya nguruwe kwenye unga au ndani. Maneno ya kukariri: *senza maiale, senza strutto, senza vino* (bila nguruwe, bila mafuta ya nguruwe, bila mvinyo). Ukisema tu "hatuli nyama", wengi watafikiria kipande cha nyama, hawatafikiria mafuta ya kukandia.

Vinavyowafaa: tortelli d'erbetta za Parma, tambi zilizojazwa ricotta (jibini laini) na mboga za majani. Zinakuja na siagi na Parmigiano, na hapo kuna suala la kigandisho cha ndama. Hilo kila mtu aamue kwa anachofuata, ila alijue mapema, asilijue akiwa mezani.

Siki nayo ina sura mbili. Ile ya "Tradizionale" hutengenezwa kwa juisi ya zabibu iliyochemshwa peke yake, ikachachuka na kuzeeka kwenye mapipa, si chini ya miaka 12, au 25 kwa yenye jina "extravecchio". Ile ya kawaida ya dukani, yenye alama ya IGP (alama ya Ulaya ya bidhaa ya eneo fulani), huchanganywa na siki ya mvinyo na inaweza kuuzwa baada ya siku 60. Chupa ndizo zinazotambulisha: Tradizionale ya Modena huuzwa katika chupa moja tu, ya mililita 100, ya duara yenye kitako cha mraba.

Kwa haya peke yake ningechukua mwongoza watalii angalau siku moja, tena awe ameandikiwa masharti yenu wiki mbili kabla. Akiambiwa asubuhi ya safari, jikoni walishakanda unga jana.

Mwanzi_Tanga
Asante sana dada, hilo la mikate lisingenijia akilini. Swali: kuna aliyetushauri tuiache Emilia twende Chianti, Toscana, kwamba mandhari ni nzuri zaidi. Na mafuta ya zeituni tutayapata wapi?

Kilima_Kirefu
Chianti ni nzuri, lakini umeandika "mradi njia iwe tambarare". Miji yake iko vilimani: Greve iko mita 236 hivi juu ya bahari, Panzano karibu 500, Castellina karibu 580. Unapanda, unashuka, unapanda tena. Kilomita 45 zinaweza kukulipisha mita 800 za kupanda. Halafu sehemu nyingi ni barabara nyeupe za changarawe, na tairi jembamba la milimita 28 huko linakula pancha kila linapogonga jiwe. Panahitaji milimita 35 hadi 40, upepo wa kipimo cha kama bar 3 kwa mtu wa kilo 75. Bila baiskeli ya umeme, watu wenu wawili watafika kwenye maonjo wamechoka hata ulimi hauonji.

Mafuta mapya mwisho wa Septemba hamtayapata, si Toscana wala Emilia-Romagna. Vinu vinaanza kusaga Oktoba, vinashika kasi Novemba. Mtakachoonja ni cha mwaka uliopita. Ratiba inayoahidi "mafuta mapya" Septemba imenakiliwa kutoka msimu mwingine, na ningeitilia shaka yote.

Septemba yenu ina kitu kingine: mavuno ya zabibu. Modena ndio wakati wa kuchemsha juisi kwa ajili ya siki, na mashamba ya zabibu za Lambrusco, mvinyo wa huko, yamejaa trekta. Raha kuona, ila barabara za shambani zina matope yanayoteleza.

Cheni_Kavu
Naunga mkono wabaki Emilia. Na kwa tambarare ile, kujiongoza hakuna ugumu ukichagua njia zilizotengwa. Ipo ya reli ya zamani kutoka Modena hadi Vignola, kilomita 24 hivi, inapita Spilamberto penye makumbusho ya siki ya balsamu ya Tradizionale. Ipo ya Mirandola hadi Sala Bolognese, kilomita 46, nayo kwenye tuta la reli ya zamani ya Bologna–Verona, ilifunguliwa 2021. Kutoka Parma kuelekea Busseto kuna njia ya kilomita 80 hivi kupitia Colorno na matuta ya mto Po. Hiyo igawanyeni siku mbili. Kwenye matuta hakuna kivuli wala duka, bebeni maji lita moja na nusu kila mtu.

Kosa linalorudiwa: kuiachia simu ichague njia fupi kati ya Parma na Modena. Itakuweka kwenye Via Emilia, barabara kuu ya malori, nyembamba pembeni. Pakieni kwenye simu faili la GPX (faili lenye ramani ya njia yenu) kabla, na kipande hicho chukueni treni ya mkoa. Tiketi ya baiskeli ni euro 3.50, inatumika saa 24. Tiketi ya karatasi igongwe muhuri kwenye mashine kabla ya kupanda.

Pampu_Mbili
Mambo ya chombo chenyewe, mafupi. Italia wanaendesha kulia, mizunguko inazunguka kinyume cha saa. Breki ya mbele iko mkono wa kushoto, na aliyezoea mpangilio wa Kiingereza atabana ya mbele akidhani ya nyuma. Kwenye changarawe ataruka juu ya usukani. Dakika kumi za mazoezi kwenye maegesho kabla ya kuondoka.

Mtumieni mkodishaji wa baiskeli urefu wa mwili na urefu wa mguu kwa ndani, vyote kwa sentimita. Ukituma "saizi ya kati" utaletewa yoyote.

Kwenye kujiongoza, pancha ni yako. Kila baiskeli mbili ziwe na tyubu mbili, vijiti vya kutolea tairi, pampu na funguo. Angalieni vali: nyingi ni nyembamba, na pampu ya vali nene haishiki. Baiskeli ya umeme yenye mota kwenye kitovu cha nyuma ina waya wa kuchomoa na nati za spana kabla gurudumu halijatoka. Mwombeni mkodishaji awaonyeshe. Tena ina kilo 22 hadi 25, kwa hiyo ngazi za stesheni mzihesabu.

Nje ya mji, kuanzia nusu saa baada ya jua kuzama, na kwenye mahandaki wakati wote, kizibao cha kuakisi mwanga ni lazima kisheria. Kikomo cha pombe cha gramu 0.5 kwa lita ya damu kinamhusu mwendesha baiskeli pia. Wale wawili wanaokunywa wawekewe maonjo ya mvinyo mwisho wa siku, kilomita chache kutoka hotelini. Kutema kwenye chombo kinachowekwa mezani si utovu wa adabu.

Spoki36
Hapo ndipo njia ya tatu inaposhinda kwangu. Nchi tambarare, njia zimetengwa, treni ipo: unamlipia mwongozaji siku sita akuonyeshe nini? Mlipeni siku mbili, ya jibini na ya siki, mkaendeshe nne zilizobaki.

Ukhty_Baharini
Nakubali kwa sharti moja. Mizigo. Anayejipangia kila kitu na kuhama hoteli kila siku atabeba mabegi kwenye baiskeli, na wanne hawa hawakusema wamezoea hilo. Walale miji miwili tu, Parma usiku tatu na Modena zilizobaki, watoke na kurudi. Tena jikoni za migahawa hufungwa saa nane mchana na hazifunguki mpaka saa moja na nusu jioni. Ukikaa mji mmoja unajua pa kula.

Mwanzi_Tanga
Basi tumeelekea njia ya tatu, Parma na Modena. Siku ya jibini iwe lini? Tunafika Jumamosi jioni.

Cheni_Kavu
Jumatatu au Jumanne. Ng'ombe hawana Jumapili, kwa hiyo viwanda vingi hupika hata siku hiyo, lakini wa kupokea wageni huwa wachache. Jumapili itumieni kupokea baiskeli, kurekebisha viti na kwenda taratibu Colorno na kurudi, kilomita 30 hivi. Jumatatu kiwanda kiwe kile cha karibu kuliko vyote, hata kama si maarufu. Mwandikieni mwenye kiwanda swali moja tu: donge linainuliwa saa ngapi? Miadi iwe saa nzima kabla ya jibu atakalowapa.