Bobi nyumbani anatii, akiona ndege hanijui tena

Mama Riziki (Nguba, Bukavu)
Hamjambo wote. Niko na mbwa dume, Bobi, hajatimiza mwaka. Mama yake ni poanta, mbwa wa kuwinda ndege, wa jirani aliyehama, baba hatumjui, alipita kwenye uzio usiku. Bobi ana madoa ya kahawia na masikio marefu, lakini mkia ni wa mbwa yeyote wa Kadutu. Ndani ya parseli, kiwanja chetu, ukisema "kaa" anakaa, "lala" analala. Tukishuka kando ya ziwa na yangeyange wako kwenye nyasi, basi. Anakakamaa, mguu mmoja wa mbele juu, ukimwita hageuki. Halafu anafyatuka. Juzi nusura amwangushe motari na pikipiki yake. Mume wangu anasema ni kiburi, watoto wanasema ni kiziwi. Nifanye nini?

Kijana wa Panzi
Yaya, fimbo ndogo tu. Mbwa wa baba yangu walisikia.

Papa Muhumba
Kijana, ukimpiga amesimama vile, atajifunza kuogopa mkono wako. Kuwapenda ndege hataacha.

Mama Riziki, hicho si kiburi. Mababu wa poanta walichaguliwa kizazi kwa kizazi kwa kazi hiyo hiyo: kunusa ndege, kusimama kimya na kumwonyesha mwindaji walipo. Nyumbani Bobi anakutii kwa sababu hana jambo jingine zuri la kufanya. Kando ya ziwa analo, na sambaza yako moja, samaki mdogo mkavu, haiwezi kushindana nalo. Kwa hiyo usishindane. Ndege wenyewe wawe mshahara wake.

Mfunge kamba ya mita kumi hivi, na uifunge kwenye mshipi wa kifuani. Akifyatuka na kamba iko shingoni ataumia. Simameni mbali, pale anapowaona ndege lakini bado anakubali kula kutoka mkononi mwako. Akikataa sambaza, mko karibu mno, rudini nyuma. Sema "kaa" mara moja tu. Ukisema "kaa, kaa, kaa, Bobi kaa!" unamfundisha kusubiri ile ya nne. Makalio yakigusa chini, papo hapo sema "haya!" na mwende pamoja mbio, kamba mkononi. Ndege wataruka zao. Mwache anuse waliposimama, kunusa nako anakutaka sana. Mkirudia hivyo, mtaona anakaa na kukutazama usoni, akiomba ruhusa. Hapo ndipo mnasogea karibu kidogo.

Kwa kuitwa, nunua filimbi. Sauti yetu inabadilika tukikasirika, filimbi haibadiliki, na inapita kelele za pikipiki. Anzia nyumbani kwenye sahani yake: milio mifupi mifupi, kisha chakula. Mlio mmoja mrefu uwe "kaa". Wawindaji wa Uingereza wanatumia mpango huo huo. Usimwite hata siku moja ili umfunge au umwogeshe. Hapo mfuate wewe mwenyewe.

Na wote nyumbani mseme neno moja. Najua hizi parseli zetu: watoto wanasema kwa Kifaransa, sentineli wa mlangoni kwa Kiswahili, bibi kwa Mashi. Mbwa afuate nani?

Mama Riziki
Aksanti sana papa. Mume wangu amesoma, amenyamaza. Sambaza ya sokoni ina chumvi, si itamdhuru? Na nimpe kila mara?

Dada wa Ibanda
Samahani kuingilia: amechanjwa kichaa cha mbwa? Mbwa anayekimbia ovyo barabarani anakutana na wengine. Chanjo inaanza akiwa na miezi mitatu hivi, halafu inarudiwa kama veterineri atakavyosema.

Papa Muhumba
Dada ana haki, hiyo itangulie.

Sambaza tafuta ile iliyoanikwa juani bila chumvi, vunja vipande vidogo, na upunguze chakula cha jioni. Mwanzoni mpe kila akitii. Akishajua, mpe mara moja, mruke mara mbili, mpe tena; asiyejua lini atalipwa anafanya kazi kwa bidii. Masomo yawe ya dakika tano tano, mkiacha angali anataka. Jumapili usiende kando ya ziwa, watoto na mipira ni wengi. Nenda asubuhi mapema, motari wakiwa bado wachache. Na uvae glavu, kamba ile inachuna viganja.