Saiwa Swamp: sitatunga wako kweli ama ni stori?

Mgeni_Kitale: Wasee habari za jioni. Jumapili nilitoka Kitale na watoto wawili na mamangu tukaenda paki ya Saiwa kumwona huyo sitatunga, yule swala wa kinamasi anayesifiwa. Tulifika kama saa tano hivi, jua kali, tukatembea kwenye zile njia za mbao juu ya matope, tukapanda mnara mmoja tukakaa karibu saa nzima. Hakuna kitu! Matete, mafunjo, na tumbili mmoja aliyetuangalia kama sisi ndio tumewekwa kwa maonyesho. Kijana wangu sasa ananiambia sitatunga ni kama dinosa, waliisha kitambo. Kuna mtu humu amewahi kumwona kwa macho yake? Saa ngapi? Na mbona paki ni ndogo hivyo

ndege_tu: Saa tano? Pole, hapo ulienda kuangalia matete. Mchana huyo mnyama amejibana ndani kabisa, akishtuka anazama majini mwili wote anabakisha pua, unaweza kuwa hatua chache kutoka kwake na usijue. Kwato zake ni ndefu na zimepanuka ndio maana hadidimii kwenye matope, lakini mtoe kwa ardhi ngumu uone vile anatembea vibaya. Fika mapema asubuhi kabisa ama ngoja jioni jua likishuka, panda mnara, nyamaza, simu weka mfukoni. Mimi niliona mara ya tatu, dume, kahawia ya kuelekea kijivu, pembe zimejipinda, maji yamemfika kifuani na yeye anakula tu hana haraka. Jike ni mwekundu-mwekundu na hana pembe.

Na huyo "tumbili" wako, alikuwa na ndevu nyeupe na paji la uso rangi ya machungwa?

Kipsaina_ndani: Mimi ni wa hapa. Paki ni kama kilomita 3 za mraba, ilitengwa 1974 kwa ajili ya sitatunga hasa, na gari haliingii, ni miguu yako tu. Ukitoka nje ya ua ni mahindi kila upande. Kwa maoni yangu shida kubwa iko huko juu mto unakotoka, watu tumelima mpaka ukingoni, mvua ikipiga udongo na mbolea vyote vinateremka kwenye kinamasi, halafu kando ya vijito tumepanda mikaratusi ambayo inakunywa maji kama haina shukrani. Simlaumu mtu, hayo mahindi ndio karo ya shule, hata mimi nimesomeshwa nayo. Lakini kinamasi kikikauka hata korongo taji watakosa pa kutagia, kiota chao wanajenga kwa majani ya maji hukohuko.

Mgeni_Kitale: @ndege_tu eeh, ndevu nyeupe! Mamangu hata alisema anafanana na mzee wa kanisa letu. Ni nani huyo?

ndege_tu: 😂 Huyo ni kima wa De Brazza, kuna watu wanasafiri kutoka Nairobi kwa ajili yake na wanarudi bila kumwona. Wewe umempata bure ukalalamika.

Mgeni_Kitale: Aki. Na sikupiga hata picha. Basi Jumamosi naamka saa kumi. Gambuti ni lazima ama raba zinatosha?

Kipsaina_ndani: Zile mbao zikilowa zinateleza vibaya, vaa gambuti. Na kijana abebe sweta, asubuhi huku ni baridi ya kung'ata.