Hivi jina la Walker maana yake ni mtembeaji kweli?

mdadisi_tu: Wakuu habari za jioni. Majina ya Waingereza mengi yanajieleza, Baker muoka mikate, Taylor fundi nguo, Smith mhunzi, sasa hili la Walker linanisumbua. Kutembea nako ni kazi ya kulipwa? Ukiangalia chupa ya whisky ya Johnnie Walker kuna jamaa na kofia yake ndefu na buti anatembea zake. Rafiki yangu ananiambia eti walikuwa matarishi wa kupeleka barua kwa miguu. Mwenye ufahamu anijuze.

Mzee wa Sufu: Tarishi wapi, huyo kakupiga fiksi. Walker ni mkanyaga vitambaa. Uingereza ya zamani pesa yao ilikuwa sufu, sasa kitambaa cha sufu kikitoka kwa mfumaji kinakuwa kimelegea na kinanuka mafuta ya kondoo, kwa baridi ya kule huwezi kukivaa maana upepo unapita tu. Basi kinatiwa kwenye hori lenye maji na mkojo uliokaa mpaka ukachacha (ndiyo, mkojo wa watu, amonia yake ndo inakata mafuta), na udongo fulani unaonyonya grisi, halafu jamaa anaingia miguu mitupu anakanyaga masaa na masaa mpaka kitambaa kisinyae na nyuzi zishikane. Kikishasuuzwa kinawambwa kwenye fremu ya mbao yenye ndoano kikauke kimenyooka. Na kile kitenzi chenyewe, walk, zamani kilikuwa cha kuviringisha na kurusharusha kitu, habari ya kutembea ilikuja baadaye.

Binti Nyaraka: Naongezea, mkanyagaji huyohuyo ana majina matatu kutegemea kwao ni wapi. Kaskazini, Yorkshire na Lancashire huko, ni Walker, kusini mashariki hadi Norfolk ni Fuller, na ukienda kusini magharibi, Devon na Somerset, ni Tucker. Pale Exeter jumba la chama chao lipo mpaka leo, Tuckers Hall, la 1471. Kuanzia karne ya 12 vinu vya maji vyenye nyundo za mbao vilishaanza kuchukua kazi ya miguu, vimo kwenye daftari la 1185 la mali za Templar (wale watawa wapiganaji wa Kikristo), ila jina likabaki, maana kufikia 1400 hivi familia nyingi Uingereza zilikuwa zinarithishana jina la ukoo hata kama mtoto hajawahi kugusa kitambaa maishani.

Katekista: Marko 9:3, mavazi ya Yesu yanapong'aa, Biblia ya Kiingereza ya King James inamtaja huyo fuller, ya kwetu imeweka dobi.

Mzee wa Sufu: @Katekista dobi anafua nguo chafu ya mtu, huyu kazi yake kubwa kitambaa kipya. Ila enzi za Warumi mtu mmoja alifanya vyote viwili, kwa hiyo hawajakosea sana.

mdadisi_tu: Mkojo tena 😂😂 dah. Na yule wa kwenye chupa je?

Binti Nyaraka: Yule ni tangazo tu. John Walker mwenyewe alikuwa na duka la vyakula Kilmarnock, Uskoti, alilifungua 1820, mchoro wa jamaa anayetembea ulichorwa na Tom Browne 1908, walikuwa wanacheza na jina. Pia usimwone kila Walker ukadhani babu yake alikanyaga sufu, Marekani kuna weusi kibao wenye jina hilo, na wengi limewafikia kupitia familia zilizowamiliki wazee wao utumwani.

Kijana wa Tanga: Na Webster?

Binti Nyaraka: Mfumaji. Ile ster ya mwisho mwanzoni ilikuwa ya wanawake, ndo maana kuna Baxter, mama muoka mikate, na Brewster, mama mpika bia. Baadaye wanaume nao wakaanza kuitwa hivyohivyo.