Mji wa Kale kwa miguu, watu tisa, ajuza mmoja akiwemo: tupange vipi?

Shangazi_wa_Voi
Salaam aleikum wana Mvita. Mwezi wa nane tunashuka Mombasa watu tisa: wazima sita, watoto wawili wa miaka 8 na 11, na mama mkwe wa miaka 71. Anatembea vizuri lakini ngazi humpa taabu. Tunataka kutembezwa Mji wa Kale na mtu anayeujua, pamoja na zile sehemu zilizotengenezwa upya, bila kukimbizana na mabasi ya watalii. Nauliza:

Mwongozaji mmoja anatosha watu tisa? Tuanze saa ngapi na upande gani? Nitamtambuaje mwongozaji wa kweli na yule anayekudaka langoni pa Ngome ya Yesu? Na bustani ya ufukweni ya Mama Ngina inaungika humo humo kwa miguu? Tuna asubuhi moja tu, Alhamisi au Ijumaa.

Ndia_Kuu
Aleikum salaam, karibuni sana. Tisa ni wengi kidogo. Vichochoro vya Kibokoni na Kuze vingi ni vya watu wawili kupishana bega kwa bega, na humo humo mna mkokoteni wa maji, pikipiki na mtoto anayetoka chuo cha Kurani mbio. Kundi likipita sita au saba, wa nyuma hawasikii kitu. Mwongozaji akipaza sauti anawapigia kelele wenye nyumba, maana madirisha yako juu ya vichwa vyenu. Chukueni waongozaji wawili, au mmoja na mtu mzima wenu mmoja akae nyuma kabisa kazi yake ikiwa kuhesabu vichwa kila kona. Watu hawapotei barabara kubwa. Hupotea pale mmoja anaposimama kupiga picha mlango na wengine wameshakata kona mbili.

Njia ambayo haina matatizo: Ngome ya Yesu, halafu barabara ya Mbarak Ali Hinawy, mpite msikiti wa Mandhry wenye mnara mnene unaochongoka (husemwa ni wa mwaka 1570 hivi), mtokee uwanja wa bandari ya kale, nyumba ya Leven na ngazi zake, kisha mrudi na barabara ya Ndia Kuu. Kutoka hapo mkate kwenda barabara ya Langoni kwenye hekalu la Wajaini, la marumaru nyeupe, la 1963, mmalizie soko la Marikiti na barabara ya Biashara kwenye leso. Bila Ngome ni saa mbili na nusu za mwendo wa kusimama simama. Na Ngome ongezeni saa moja na nusu.

Anzeni Ngome ikifunguliwa tu asubuhi. Ule uwanja wa ndani hauna kivuli hata cha kumfaa paka, na kuanzia saa nne hivi makundi ya shule huanza kumiminika. Vichochoro navyo vina kivuli chake karibu muda wote, kwa hiyo ndivyo vya kuwekwa baadaye. Tiketi hulipwa kwa eCitizen, mtandao wa malipo wa serikali, si pesa mkononi, basi hakikisha simu moja ina chaji na salio kabla hamjafika langoni. Foleni nyingi pale husababishwa na mtu anayetafuta nywila yake.

Mama Ngina iko kama kilomita mbili kutoka Ngome na njia ina jua. Kwa mama wa miaka 71 baada ya saa nne za kutembea, hapana. Pandeni tuktuk jioni. Pale pametengenezwa upya mwaka 2019, ndipo zilipofanyika sherehe za Siku ya Mashujaa mwaka huo. Njia ni pana na tambarare, mibuyu ipo, na meli za Kilindini zinapita mbele yako karibu useme umezigusa. Hakuna haja ya mwongozaji huko. Picha pigeni baharini na mibuyuni, lakini kivukoni Likoni simu ziwe mfukoni, hairuhusiwi. Na Ikulu iko jirani, nayo vivyo hivyo.

FundiChokaa
Kuhusu kumpima mwongozaji. Kitambulisho cha TRA, mamlaka ya kudhibiti utalii, ni cha kwanza: aoneshe, na usione haya kumwomba. Lakini kitambulisho hakisemi kama anajua. Muulize maswali mawili kabla hujakubaliana bei.

La kwanza: nani alijenga Ngome? Akikwambia Vasco da Gama, mshukuru umwache aende. Da Gama alifika Mombasa 1498 na akafa 1524. Ngome ilianza kujengwa 1593, kwa ramani ya Mtaliano Giovanni Battista Cairati aliyekuwa akiwafanyia kazi Wareno. Anayejua atakuongezea kwamba Waomani waliizingira tangu Machi 1696 mpaka Desemba 1698 ndipo wakaitwaa, na kwamba Waingereza waliifanya jela kuanzia 1895 hadi 1958. Tena aweze kukuonesha nyumba ya Waomani juu ya boma la San Felipe, asiishie kutaja tu.

La pili: mbona vyumba vya nyumba za kale ni vyembamba na virefu? Hapa wengi hubabaika. Sababu ni boriti. Dari ilibebwa na boriti za mikoko, na mti wa mkoko ulionyooka wa kutosha hautoki mrefu sana. Ukivuka mita tatu hivi huanza kupinda chini ya uzito wa mawe na chokaa ya sakafu ya juu. Basi upana wa chumba umeamuliwa na mti, na urefu ndio unaoongezwa. Ukishaambiwa hili, kila nyumba utakayoingia utaisoma.

Na mkitazama kuta zilizokarabatiwa, angalieni chini, futi tatu za kwanza kutoka barabarani. Nyumba hizi ni za mawe ya matumbawe na chokaa, na ukuta wa chokaa hupumua: unyevu unaopanda kutoka ardhini hutoka nje ukakauka. Mtu akipiga plasta ya saruji juu yake, maji hukwama ndani, chumvi ya bahari hujikusanya nyuma ya saruji, na baada ya misimu michache plasta hubanduka vipande vikubwa na kuondoka na uso wa jiwe. Rangi za kisasa za plastiki hufanya ubaya ule ule polepole zaidi. Kwa hiyo nyumba iliyopakwa ikang'aa si lazima iwe ndiyo iliyotengenezwa vizuri. Gonga kwa kifundo cha kidole: ikilia wazi kama mtungi, saruji imeshaachana na ukuta. (Gonga ya barabarani, si ya ndani kwa watu!) Mwongozaji mzuri atawaonesha ukuta mmoja wa chokaa na mmoja wa saruji katika mtaa mmoja, na watoto watapenda kuliko tarehe zote.

Milango usikubali kuambiwa yote ni "ya Kiarabu". Iko yenye nakshi za maua na mizabibu, iko yenye ufundi wa Kigujarati, na iko ya Kiswahili iliyo sahili zaidi. Weka mkono kwenye ubao wa kati, ule unaofunika panapokutana mabawa mawili ya mlango; nakshi nyingi nzuri zimejaa pale.

Bamvua
Nampinga Ndia_Kuu kwenye jambo moja. Mkiwa na mtu mzee, msianze na Ngome. Ndani kuna changarawe, mteremko na ngazi za mawe zilizolika kwenda juu ya maboma. Mkitoka, magoti yake yameisha na mji hamjaanza. Anzeni bandari ya kale saa moja asubuhi wakati samaki wanashushwa na kahawa imo kwenye madele, mje taratibu mkishuka Ndia Kuu, mfike Ngome saa tatu na nusu. Hapo mama akae kivulini penye lango na mtu mmoja, wengine waingie. Maduka ya vitu vya kale Ndia Kuu mengi bado hayajafunguliwa saa mbili, lakini kama hamkuja kununua ni faida: milango imefungwa, na nakshi huonekana mlango ukiwa umefungwa.

Jambo ambalo hakuna aliyelitaja ni maji. Tazameni mwezi kabla ya kuchagua siku. Siku za bamvua, mwezi mpya au mpevu, maji hapa hupwa kabisa kama saa nne asubuhi na kujaa kama saa kumi jioni. Mkifika ngazi za Leven saa nne ya bamvua, vidato vya chini vitakuwa wazi, vina mwani wa kijani, na vinateleza kama sabuni. Watoto wasimame vidato vilivyokauka, rangi ya jiwe ikibadilika ndio mpaka. Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, tofauti ni ndogo na hakuna wasiwasi sana. Jina Leven, akiuliza mtoto, ni la meli ya Waingereza ya miaka ya 1820, aliyoiongoza Kapteni Owen alipokuwa akiipima pwani hii.

Mkiwa chini ya Ngome upande wa bahari tazameni pia ule ukuta mpya wa kuzuia mawimbi. Bahari ilikuwa ikiula mwamba ambao Ngome imekalia, na mwamba ukienda, boma lote linafuata.

Ndia_Kuu
@Bamvua kwa mama nakubali, nilisahau magoti. Lakini saa moja si mapema kwa watoto waliolala saa nne usiku? Saa moja na nusu basi.

MamaMahamri
Mambo ya tumbo na choo, ambayo wanaume hawayasemi. Choo cha kutegemea kiko Ngome. Katikati ya mji hakuna cha umma cha kumpeleka mtoto, mtaomba kwenye mkahawa mlionunua kitu. Pangeni kituo cha chai katikati ya njia, si mwisho. Maji lita moja kwa kila mtu, na mfuko wa nailoni acheni nyumbani, umepigwa marufuku tangu 2017. Kikapu au leso inatosha.

Asubuhi kuleni mahamri na mbaazi za nazi. Viazi karai ni vya jioni. Ukiviona asubuhi, ni vya jana vilivyorudishwa mafutani, ganda lake hukauka likawa gumu na mafuta yakanuka. Kahawa chungu hunywewa kwa kikombe kidogo na halua au kashata, na usiweke sukari, hiyo halua ndiyo sukari yake.

Viatu: vya soli ya mpira yenye meno. Kabro (matofali ya kutandika chini) za bandarini zikimwagiwa maji ya samaki hazishikiki. Gari la mtoto la kusukuma msilete. Kina mama leso moja begani, itafaa jua, itafaa msikitini kwa nje, itafaa kumkalisha mtoto. Hekaluni kwa Wajaini viatu hutolewa, na mikanda na pochi za ngozi huachwa nje. Mtu asiudhike, ndiyo dini yao. Na kwenye baraza za watu, salimuni kwanza. Ukipita kimya huku unapiga picha watu waliokaa kwao, ndipo maneno huanza.

Shangazi_wa_Voi
Ahsanteni mno, hasa wa magoti! Basi tumeamua kuanza bandarini. Limebaki la siku na la pesa. Alhamisi au Ijumaa? Na tukubaliane naye vipi?

Ndia_Kuu
Alhamisi. Ijumaa kuanzia saa tano na nusu watu wanajiandaa, na kuelekea adhuhuri, saa sita na nusu hivi, barabara za msikitini zimejaa mikeka na maduka yamefungwa. Mkichelewa kidogo tu asubuhi mtakwama katikati, tena mtakuwa kero. Mwezi wa nane ni kusi, jua halichomi kama Februari, lakini manyunyu huja ghafla. Dakika kumi kibarazani yamepita.

Bei iwe ya kundi zima, si ya kichwa, na itajwe kabla ya hatua ya kwanza mbele ya watu wawili wenu. Aseme wazi: saa ngapi, kutoka wapi mpaka wapi, na kama tiketi za Ngome na chai yake vimo. Kilichozoeleka kwenda kombo ni mtu wa pili anayejiunga njiani, anafungua mlango mmoja, anasimulia dakika tano, kisha mwisho anadai chake. Mwambie mwongozaji wako tangu mwanzo: akimkaribisha mwenzake, amlipe yeye. Nusu ya fedha mwanzo, nusu mkifika mwisho. Na akikwambia mpite dukani kwa "mjomba" wake, jibu ni kwamba Marikiti mtakwenda wenyewe mchana. Viungo ndani vina bei za kupatana, na pilau masala inunuliwe nzima nzima, isiyosagwa, ile ya unga imechanganywa na sijui nini.

FundiChokaa
Ile nyumba ya kugonga ukuta, mkiipata tuma picha ya chini, ile sehemu ya futi tatu.