Leseni ya biashara kufutwa bila mwenyewe kusikilizwa, hii ni sawa?

Mleta mada:
Wadau hili tulijadili kwa uwazi. Serikali inakupa leseni, kwa sababu ya hiyo leseni unakopa benki, unajaza stoo, unaajiri watu, halafu siku moja inaletwa barua ya mistari miwili kwamba imefutwa kuanzia leo, sababu "ukiukwaji wa masharti". Masharti yapi? Nani kalalamika? Hauambiwi. Na kuna wanaotetea kabisa kwamba leseni ni hisani ya serikali, aliyekupa anaichukua akitaka. Mimi nakataa.

Hoja hiyo ya hisani ni ya zamani. Ceylon, Sri Lanka ya leo, mfanyabiashara wa vitambaa Nakkuda Ali alifutiwa leseni na Mdhibiti wa Nguo kwa tuhuma za udanganyifu wa kuponi za mgao wa nguo, kesi ikapanda mpaka Baraza la Privy kule London, mahakama ya mwisho ya rufaa kwa makoloni ya Uingereza, na mwaka 1950 wakasema mdhibiti anaondoa fursa tu, haamui haki ya mtu, kwa hiyo habanwi na wajibu wa kufanya kama hakimu. Ikaja 1963 kesi ya Ridge na Baldwin kule Uingereza, Ridge akiwa mkuu wa polisi wa mji wa Brighton aliyefukuzwa bila kupewa tuhuma wala nafasi ya kujitetea, akashinda, na jaji Lord Reid akaikosoa waziwazi ile hukumu ya Nakkuda Ali. Sasa kama kazi ya mtu mmoja inalindwa, duka linalolisha familia kadhaa lisilindwe kwa nini?

Mchangiaji wa kwanza:
Mkuu mbona Nakkuda Ali aliandikiwa barua ajieleze kabla ya kufutiwa? Baraza lenyewe lilisema hata wajibu ungekuwepo, nafasi alipewa. Halafu wewe unaongea kama hakuna dharura, mtu anauza dawa feki mnataka kwanza aandikiwe notisi asubiriwe ajibu, hapo katikati wangapi watakuwa wameshazinywa?

Mleta mada:
Barua alipewa ndiyo, ila ubaya wa hukumu ile ni kanuni iliyoacha nyuma, maana afisa wa kesho yake asiyeandika barua yoyote angejificha humohumo. Kuhusu dharura nakuunga mkono nusu. Kusimamisha siyo kufuta jamani! Dawa feki funga duka leo hii, zuia mzigo, halafu msikilize haraka kabla hujafuta moja kwa moja. Mahakama ya Juu ya India 1978 kwenye kesi ya Maneka Gandhi, aliyezuiliwa pasipoti bila kuambiwa sababu, ilikubali kwamba pale ambapo kumsikiliza mtu kwanza kutaharibu lengo, basi asikilizwe mara tu baada ya hatua kuchukuliwa. Kwa hiyo dharura inasogeza tu muda wa kusikilizwa, haiifuti hiyo haki.

Mchangiaji wa pili:
Tutenganishe pia anayeomba leseni mpya na anayenyang'anywa aliyonayo. Uingereza 1978, kesi ya McInnes aliyekuwa anaomba leseni ya umeneja wa mabondia, jaji Megarry alisema anayenyang'anywa ndiye mwenye haki nzito zaidi ya kusikilizwa. Na kusikilizwa siyo lazima liwe kesi kubwa la mawakili, mpe tuhuma kwa maandishi, mwoneshe ushahidi, mpe siku za kutosha ajibu, aamue mtu ambaye siye aliyelalamika, na sababu ziandikwe ili akikata rufaa awe na cha kushika. Afisa mwenye ushahidi wa kweli hapo anapoteza nini?

Mleta mada:
Hiyo ya sababu kuandikwa naiwekea mkazo, bila sababu rufaa ni kubahatisha tu. Kuna kingine hatujakigusa, mtu anashinda rufaa baada ya miezi mingi, leseni anarudishiwa lakini mzigo ulishaharibika, wateja wamehama na mkopo umezaa riba, hiyo hasara nani anailipa? Mimi nasema ofisi iliyofuta bila kumsikiliza ndiyo ilipe, mwenye hoja tofauti aje nayo.